Yule wa Nyuma ya Vijiti

Mwaka jana, Jumamosi moja, binti wa miaka 14 aliniuliza swali ambalo sikuweza kulijibu palepale. Tulikuwa tunacheza kriketi hapa Bweyeye, kwenye kipande cha ardhi tambarare, na ninyi mnaopajua hapa mnajua kwamba tambarare kwetu ni kitu cha kutafuta kwa tochi. Kila upande mlima, huku msitu wa Nyungwe, kule Burundi. Gongo letu tulilichonga kwa ubao wa mkaratusi. Vijiti vitatu tulivikata wenyewe. Mpira ulikuwa wa tenisi, umeshaisha manyoya yote.

Katika mchezo huu kila mtu anataka kupiga. Asiyepiga anataka kurusha. Lakini lazima mmoja achuchumae nyuma ya vijiti na kudaka kila mpira ambao mpigaji ameukosa. Huyo anaitwa mlinda wiketi. Nilimweka yule binti kwa sababu ana mikono mizuri, na kweli alidaka vizuri siku nzima. Mwishoni mpira mmoja ukampita katikati ya miguu, ukateremka mpaka kwenye mfereji, wapinzani wakapata mikimbio 4 na mechi ikaisha. Watu wakacheka. Wavulana wakamwiga anavyochuchumaa. Wakati wa kukusanya vitu akaniuliza, bila kunitazama:

"Kaka, hivi yule wa nyuma anapata nini?"

Nikamwambia, "Mdogo wangu, tutaongea wiki ijayo." Wiki iliyofuata hakuja. Makala hii ndiyo jibu nililokwenda kulitafuta.

Nilianzia na mchezo wenyewe, maana hata wazee hapa huniuliza umetoka wapi. Mzee mmoja alisema ati ni mchezo wa Wahindi. Mwingine akasema ni wa Waingereza. Wote wawili hawakukosea, lakini kwa Rwanda jibu ni lingine. Nchi hii haikutawaliwa na Waingereza. Walikuja Wajerumani, wakafuata Wabelgiji, na Wabelgiji na kriketi ni kama mbuzi na bahari. Mchezo huu Rwanda uliletwa na wakimbizi.

Kuanzia mwaka 1959 Wanyarwanda wengi, hasa Watutsi, walikimbilia Uganda, Burundi, Tanzania, Kongo na Kenya. Walikaa huko zaidi ya miaka 30. Watoto wao walizaliwa huko, wakasoma huko, wakakua wakiitwa wageni. Waliosoma Uganda na Kenya, nchi ambazo Waingereza walikuwa wametawala, waliukuta mchezo wa gongo na vijiti shuleni. Waliporudi baada ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994, walirudi na lugha za ugenini, mapishi ya ugenini, na kriketi. Mwaka 1999 wakaunda chama cha kriketi cha Rwanda. Mwaka 2003 chama hicho kikapokelewa kwenye Baraza la Kriketi la Kimataifa, ICC.

Kwa miaka mingi uwanja wao ulikuwa Kicukiro, Kigali, penye shule ya ufundi iliyoitwa ETO. Jina hilo ni zito. Aprili 1994 watu zaidi ya 2,000 walikimbilia shule hiyo kwa sababu askari wa Umoja wa Mataifa kutoka Ubelgiji walikuwa pale. Tarehe 11 askari wakaondoka, na wengi wa watu wale wakauawa. Miaka michache baadaye vijana waliorudi kutoka ugenini wakawa wanacheza mahali hapo. Mimi nikifikiria jambo hilo huwa nanyamaza kidogo. Sio kwamba walisahau. Tangu mwaka 2014 yanafanyika Kigali mashindano ya kriketi ya wanawake yanayoitwa Kwibuka, yaani kukumbuka, na timu za nchi jirani huja kucheza kwa heshima ya waliouawa.

Na wanawake hawakualikwa tu kupamba. Februari 2017 mchezaji wa timu ya taifa, Cathia Uwamahoro, alisimama Kigali akapiga mipira kwa saa 26 mfululizo na kuweka rekodi ya dunia, ili kuchangisha fedha za uwanja mpya. Oktoba mwaka huohuo uwanja huo ukafunguliwa Gahanga. Paa zake zimejengwa kwa vigae vya udongo wa hapahapa Rwanda, zimepinda kama njia ya mpira unaodunda, au kama milima yetu.

Sasa turudi nyuma ya vijiti.

Kama mchezo ulipitia Uganda kuja Rwanda, basi tumtazame kwanza mlinda wiketi wa Uganda. Anaitwa Kevin Awino, na jina lisikudanganye, ni mwanamke. Julai 2018 aliiongoza timu ya Uganda kwenda Uholanzi, kwenye mashindano ya kutafuta nafasi ya Kombe la Dunia la ova 20. Zilikuwa timu 8, na Uganda ilikuwa timu pekee kutoka Afrika. Wakati ni muhimu hapa. Kabla ya tarehe 1 Julai 2018, mechi za wanawake wa nchi ndogo kama zetu hazikuhesabiwa kuwa mechi kamili za kimataifa za ova 20. Ungeweza kuchezea nchi yako miaka 10 na vitabu vya rekodi visikujue. Tarehe hiyo ICC ikabadilisha: mechi kati ya timu za wanawake za nchi wanachama zikapewa hadhi hiyo. Tarehe 7 Julai Awino akaingia uwanjani dhidi ya Scotland kama nahodha, na hiyo ikaandikwa kuwa mechi yake ya kwanza ya kimataifa ya ova 20. Kumbe alikuwa amecheza kabla. Kilichokuwa hakipo ni safu ya kuandika jina lake.

Shikeni neno hilo, safu. Nitalirudia.

Halafu tuje kwa watoto wa Rwanda wenyewe. Januari 2023 kulifanyika Afrika Kusini Kombe la Dunia la kwanza la wasichana wa chini ya miaka 19, timu 16. Rwanda ilifuzu kwa kuifunga Tanzania katika fainali ya Afrika, na nahodha wake alikuwa Gisele Ishimwe. Dhidi ya Zimbabwe, mrushaji wao Henriette Ishimwe aliwaondoa wapigaji wanne kwa mipira minne mfululizo. Tarehe 22 wakakutana na West Indies, jina kubwa sana katika mchezo huu. Wakawatoa kwa mikimbio 70, kisha wakaifikia hesabu hiyo wakiwa na wiketi 4 mkononi. Kutoka kuundwa kwa chama cha 1999 mpaka siku hiyo ni miaka 24 tu. Mchezo uliokuja kwenye mizigo ya wakimbizi ulikuwa umewashinda wenye mchezo.

Nilitazama vipande vya mechi ile kwenye simu ya mtu, kioo kimepasuka. Kamera ilimfuata anayerusha, ikamfuata anayepiga, ikamwonyesha nahodha mwishoni. Mimi nilikuwa namtafuta wa nyuma ya vijiti. Nilimwona kwa kuiba, sehemu ya kofia, mikono miwili ya glavu, basi.

Hiyo ndiyo kazi yake. Mechi ya ova 20 ina mipira halali 120 kwa kila upande. Mlinda wiketi anachuchumaa kwa kila mmoja. Mrushaji harushi zaidi ya ova 4. Mpigaji akitolewa anakwenda kukaa. Wa nyuma hapumziki, na kila mpira lazima aufikirie kana kwamba unakuja kwake, hata kama mpigaji ataupiga. Katika wanaozuia, yeye peke yake ndiye sheria inamruhusu kuvaa glavu na kinga za miguu, kwa sababu yuko karibu mno.

Na daftari la mechi linamtendea hivi. Mpira ukimpita, mikimbio ile inaandikwa kwenye safu yake maalumu, mpigaji haandikiwi wala mrushaji halaumiwi. Kila anayesoma anajua ni ya nani. Lakini mpira alioudaka vizuri, usiomtoa mtu, hauandikwi popote. Anaweza kudaka 50 na daftari likanyamaza. Kwa hiyo swali la yule binti halikuwa la kitoto. Kosa lake lina safu. Kazi yake haina.

Basi nikatafuta mtu aliyeifanya kazi hiyo vizuri kuliko wengi duniani, nione yeye alipata nini. Nikampata Sarah Taylor wa Uingereza.

Alizaliwa mwaka 1989, akaanza kuichezea Uingereza mwaka 2006 akiwa na miaka 17. Mwaka 2009 timu yake ilishinda Kombe la Dunia kule Australia, na mwaka huohuo ikashinda la ova 20 nyumbani. Mwaka 2014 alikuwa mmoja wa wanawake 18 waliopewa mikataba ya kwanza ya kulipwa kama wachezaji wa kazi nchini mwao. Maana yake ni kwamba kabla ya hapo mabingwa wa dunia walikuwa wanatafuta riziki mahali pengine. Mwaka 2015 alicheza Adelaide, Australia, katika ligi ya daraja la juu ya wanaume ya mji ule, mwanamke wa kwanza kufanya hivyo. Alidaka mipira ya wanaume, na mpira wa kriketi si wa tenisi, ni mgumu kama jiwe lililovishwa ngozi.

Watu walimsifu kwa mikono yake. Walinda wiketi wengi, mrushaji akiwa na kasi kiasi, husogea nyuma wapate nafasi ya kuuona mpira. Taylor alipenda kubaki karibu kabisa na vijiti. Mpigaji akinyanyua mguu nje ya mstari wake, hata kwa kufumba na kufumbua, vijiti vimeshaangushwa.

Huyo ndiye mwanamke ambaye mwaka 2016 aliacha kucheza. Hakuumia goti wala kidole. Aliwaambia watu waziwazi kwamba ana ugonjwa wa wasiwasi, kwamba hofu ilikuwa inamshika kwa ghafla, mwili ukamkatalia. Mchezaji bora, katika umri wake mzuri, akasema sina afya, naomba kukaa pembeni.

Nataka tusome hapo polepole, sisi hasa. Huku kwetu ni watu wangapi mwili unawakatalia? Mtu anasikia mlango umegongwa usiku, moyo unakimbia. Mtu anaingia kwenye foleni, mikono inatetemeka, anatoka bila kuchukua kilichomleta. Tunamwambia ana mawazo mengi, aombe, apige moyo konde. Mara nyingine tunasema anajifanya. Taylor alikuwa na daktari, mshahara na nchi yenye amani, na bado hofu ilimshika. Basi aliyevuka mto akiwa mgongoni mwa mama yake, tumshangae akitetemeka?

Taylor alikaa nje karibu mwaka mzima, akarudi mwaka 2017 kwa Kombe la Dunia nyumbani kwao. Dhidi ya Afrika Kusini, katika hatua ya makundi, alipiga mikimbio 147. Lakini mimi napenda zaidi kitu kidogo kilichotokea kwenye nusu fainali ya tarehe 18 Julai, Bristol, dhidi ya Afrika Kusini haohao. Mpigaji alikuwa Trisha Chetty, ambaye naye ni mlinda wiketi, mmoja wa walioondoa wapigaji wengi zaidi katika historia ya wanawake. Mrushaji Nat Sciver akaurusha mpira ukapita upande wa miguu ya Chetty, upande ambao mlinda wiketi hauoni vizuri kwa sababu mwili wa mpigaji unamziba. Chetty akakosa, akayumba kidogo. Taylor alikuwa ameshaudaka na kuangusha vijiti kwa mwendo mmoja. Mlinda wiketi alitolewa na mlinda wiketi mwenzake. Hakuna aliyekuwa uwanjani aliyejua kazi ile ni ngumu kiasi gani kuliko yule aliyetolewa.

Uingereza ilishinda mechi ile zikiwa zimebaki mipira miwili tu. Tarehe 23 ikaifunga India katika fainali kwa tofauti ya mikimbio 9. Hesabu hizo ni ndogo mno. Mipira michache ikipita nyuma ya vijiti, historia inageuka.

Ningeishia hapo ingekuwa hadithi tamu, alianguka, akainuka, akashinda. Lakini haikuishia hapo. Hofu ilirudi. Taylor alikosa mashindano mengine, na Septemba 2019, akiwa na miaka 30, akaacha kabisa kuichezea nchi yake. Alikuwa amecheza mechi 226 za kimataifa na kuwaondoa wapigaji 232 kutoka nyuma ya vijiti, wengi kuliko mwanamke yeyote mpaka siku hiyo. Kombe halikumponya. Na wenzake hawakumwita mwoga. Mwaka 2021 timu ya wanaume ya Sussex ikamchukua kuwa mmoja wa makocha wake, kuwafundisha wanaume kulinda wiketi.

Nilikwenda kwa kina binti nikamhadithia yote haya, mama yake akiwa anachambua maharage karibu. Nilidhani ataniuliza kuhusu kombe. Akauliza:

"Alipowaambia anaogopa, walimfukuza?"

"Hapana. Walimngoja."

Alikaa kimya. Kisha akaniambia kilichomfanya asije. Kicheko kilimuuma kidogo tu, alisema. Kilichomtisha ni kwamba kabla ya mpira ule wa mwisho alisikia kishindo cha ubao, moyo ukaanza kukimbia, na mikono ikafa ganzi. Hakuuona mpira. Mama yake akaacha kuchambua. Akasema, "Mwalimu, hata mimi hunipata." Mimi nimefanya kazi na vijana hapa miaka kadhaa, na sikuwahi kufikiria kumuuliza mtoto aliyekosa mpira alikuwa anasikia nini. Nilimwambia tu, "Angalia mpira!" Hilo kosa ni langu, nalo pia liandikwe kwenye safu.

Sasa neno kwa ndugu zetu wa mashirika, mnaosoma jarida hili nanyi. Mimi pia huwa najaza fomu. Kuna safu ya waliohudhuria, wavulana wangapi, wasichana wangapi. Kuna safu ya walioacha. Hakuna safu ya yule aliyekuja akiwa anatetemeka na akabaki mpaka mwisho. Hakuna safu ya anayebeba maji, anayetandika mikeka, anayemsindikiza mwenzake nyumbani giza likiingia. Wanawake wa Uganda walicheza miaka mingi kabla ya mtu kuchora mstari wa kuwaandika. Mstari ulipochorwa, walionekana. Siwaombi mpira mpya, ingawa tungeupokea. Naomba mstari.

Na kwetu sisi tunaoishi kwenye kungoja: wale waliotoka Uganda na Kenya hawakujua kwamba mchezo wa shule ya ugenini utakuja kuwa jambo la taifa. Walicheza tu. Kwa hiyo mzazi ukimwona mtoto wako amechuchumaa nyuma ya vijiti vya mti, usimwite mapema kuja kuosha vyombo. Hatujui atarudi nyumbani na nini.

Yule binti amerudi, lakini hajarudi kudaka. Amesema bado, nami sijamsukuma. Aliomba daftari, anaandika mechi. Siku ya kwanza nilichungulia nikaona amechora safu moja ya ziada pembeni, yenye vinukta vingi. Nikamuuliza ni nini. Akasema ni mipira aliyodaka mtu wa nyuma, isiyomtoa mtu.

Jumamosi iliyopita vilikuwa vinukta 41.